Coleman Young na lawama ya kuiua Detroit: hesabu inakataa

Kila yakitajwa magofu ya Detroit, mji wa viwanda vya magari huko Michigan, Marekani, lazima atajwe Coleman Young, meya wa kwanza mweusi wa ule mji, aliyekaa ofisini miaka 20, kuanzia Januari 1974 hadi Januari 1994. Hukumu yenyewe huwa fupi: mji ulikuwa unang'ara, akaingia yeye na mdomo wake, wazungu wakakimbia, viwanda vikafuata, 2013 mji ukafilisika. Mi hii hukumu naona imeelemea upande mmoja, na kinachoniuma ni kwamba wanaoirudia hawaendi hata kuangalia sensa.

Tuiangalie basi. Mwaka 1950 Detroit ilikuwa na watu milioni 1.85, wazungu peke yao milioni moja na nusu na ushee. Sensa ya 1970 wazungu wamebaki kama laki nane na elfu arobaini. Yaani laki saba walishaondoka, laki saba jamani, na huyu bwana 1970 alikuwa bado ni seneta tu kwenye bunge la jimbo la Michigan, hana sauti yoyote kwenye ofisi ya meya. Kiwanda cha magari cha Packard kilikuwa kimefungwa tangu 1956. Barabara kubwa zilishachongwa za kumtoa mtu mjini mpaka kwenye nyumba mpya huko nje, na mikopo ya zile nyumba mweusi alikuwa hapewi. Moja ya hizo barabara ndo iliyofuta Hastings Street, mtaa wa maduka na klabu za muziki pale Black Bottom, eneo la weusi alikokulia Young mwenyewe. Kwao ndo palianza kubomolewa, halafu yeye ndo anaitwa mbomoaji.

Haya, wanaomlaumu nao hawasemi hewani. Watu waliendelea kuondoka akiwepo, 1990 mji ulibaki na milioni moja na kidogo na wazungu laki mbili na kitu. Mauaji 1974 yalifika 714. Na wana kesi yao wanayoipenda kuliko zote, hotuba ya kuapishwa. Siku ile Young aliwaambia wauza unga, vibaka na majambazi waondoke Detroit, washike Eight Mile Road, ile barabara ambayo ndo mpaka wa mji na vitongoji vya kaskazini. Wa ng'ambo ya barabara wakasikia anawaletea wahalifu. Lakini sikiliza sentensi yote, alisema hajali ni weusi au weupe, hajali wamevaa suti za kihuni au sare za bluu na beji za fedha. Sare za bluu! Alikuwa anawaambia na polisi wake wabovu, na hicho kipande ndo kinachoachwa kila hotuba hiyo ikisimuliwa.

Na sababu ya kuwataja alikuwa nayo. Tangu 1971 polisi walikuwa na kikosi kinaitwa STRESS, askari wanajifanya raia wa kawaida kutega wezi, na kwa miaka kama mitatu kiliua watu zaidi ya 20, karibu wote weusi. Mpinzani wa Young kwenye uchaguzi wa 1973, John Nichols, ndiye aliyekuwa mkuu wa hao polisi. Young akashinda kwa kura chache, akakivunja, akaanza kuajiri weusi kwenye jeshi la polisi ambalo lilikuwa la wazungu kwenye mji ambao nusu ni weusi. Mama mwenye kijana wa miaka 17 alilala vipi baada ya hapo? Hicho hakionekani kwenye picha za magofu.

Hata pesa, wengi wanadhani alifuja. 1981 mji ukiwa ukingoni kufilisika alienda kwa wapiga kura kuwaomba wajipandishie wenyewe kodi ya mapato kutoka asilimia 2 hadi 3, wakakubali, na wafanyakazi wa mji wakakubali mishahara isimame. Ule mkopo wa dola bilioni 1.4 wa kuziba pensheni, unaotajwa kwenye kufilisika kwa 2013, ulichukuliwa 2005, yeye alishakufa tangu 1997.

Ila simtetei kila kitu. Mkuu wake wa polisi, William Hart, alihukumiwa 1992 kwa kuiba pesa za idara, na mtu ukikaa miaka 20 walio chini yako wanazoea. Na kuna mtaa wa Poletown. 1981 alihamisha watu zaidi ya 4,000, wengi wazee wenye asili ya Poland, ili kampuni ya magari ya General Motors ipate kiwanja cha kujenga kiwanda; nyumba, maduka na makanisa vikavunjwa. Ahadi ilikuwa ajira elfu sita, zilizokuja zilikuwa pungufu. Wazee waliojifungia kanisani walitolewa na polisi, polisi wa meya aliyeona Black Bottom ikivunjwa. Hapo kwa kweli huwa nakwama. Kilichobaki ni makaburi madogo ya Wayahudi yaliyomo ndani ya uzio wa kiwanda, na hufunguliwa mara mbili kwa mwaka ili ndugu wakazuru.