Tuwaache nyigu wafanye kazi yao

Kwenye vilima vya chini ya Mlima Elgon upande wa Uganda, kuanzia Sironko mpaka Manafwa, mkulima wa nyanya au maharagwe akiona mistari myeupe inayojipindapinda juu ya majani, safari yake ya kwanza ni duka la pembejeo. Anaomba dawa ya yule mdudu anayechora majani, anaambiwa, "Mama, chukua hii, ni kali," na jioni bomba liko mgongoni. Siku chache zikipita mistari imeongezeka, naye anarudi kutafuta kali zaidi. Nimeuona mwenendo huu msimu baada ya msimu, na maoni yangu nitayatoa bila kuzunguka: katika mashamba yetu mengi, nzi mchimba majani angekuwa mdudu wa kawaida tu, kama tusingekuwa tunamnyunyizia dawa kila wiki.

Najua maneno haya yanaudhi. Mtu aliyekopa Sacco akanunua mbegu na mbolea hawezi kuambiwa aweke bomba chini halafu akafurahi. Ndiyo maana naomba kwanza tumtazame nzi mwenyewe na jinsi anavyoishi.

Ana milimita mbili hivi, mweusi, na doa la njano mgongoni. Jike hutoboa jani kwa ncha ya tumbo lake na kunywa utomvu unaotoka, na katika baadhi ya matundu hayo huficha yai. Dume hana chombo cha kutobolea, kwa hiyo hula kwenye matundu yaliyoachwa na jike. Vile vidoa vidogo vyeupe tunavyoviona kabla ya mistari ndivyo hivyo vitobo. Yai huanguliwa baada ya siku mbili hadi tano, na buu huanza kula nyama ya jani akiwa katikati, kati ya ngozi ya juu na ngozi ya chini. Mstari ni njia aliyopita, mwembamba alipoanza, mpana alipofikia ukubwani. Akishiba hupasua ngozi ya jani, huanguka chini na kugeuka bundo kwenye udongo, yaani hujifungia ndani ya ganda na kutulia, kisha hutoka nzi mpya. Palipo na joto, mzunguko mzima huchukua wiki mbili au tatu.

Sasa fikiria dawa inamkuta wapi. Yai limefichwa ndani ya jani, buu yumo humohumo, bundo liko udongoni. Anayebaki hadharani ni nzi mzima, na huyo ana mabawa. Dawa kama saipamethrini, ambayo imejaa madukani kwa sababu ni rahisi, huua kwa kugusa, na inabaki juu ya ngozi ya jani bila kumfikia buu aliye chini yake. Anayetembea juu ya ngozi hiyo mchana kutwa ni kiumbe mwingine kabisa: nyigu mdogo kuliko hata huyo nzi, asiyeuma mtu, anayepapasa jani akimtafuta buu. Wapo wanaomchoma buu akapooza, kisha wakamtagia yai ubavuni. Wapo wanaotaga ndani ya mwili wake. Buu huendelea kula na kuanguka chini kama kawaida, lakini kwenye bundo hutoka nyigu badala ya nzi. Hao ndio dawa yetu inaowafagia. Nzi naye, kwa kuwa anazaa haraka na amepigwa dawa miaka mingi, amejenga usugu. Tukimaliza kunyunyizia tumemwondolea adui yake na kumwachia shamba.

Haya hayakuanza kwetu. Katika bonde la Cañete nchini Peru, wakulima wa viazi waliongeza dawa mwaka hadi mwaka, na nzi aitwaye Liriomyza huidobrensis, ambaye zamani hakuwa tishio, akawa mdudu mkuu wa viazi katika bonde hilo. Na Peru ni kwao, ambako nyigu wa kumdhibiti wamekuwapo siku zote. Waliuawa na dawa.

Huidobrensis ni mmoja wa nzi watatu wachimba majani wanaotusumbua Afrika Mashariki, na wote asili yao ni Amerika. Yeye hupenda baridi ya milimani, kwenye viazi na njegere. Wenzake, Liriomyza sativae na Liriomyza trifolii, huvumilia joto la mabondeni zaidi. Trifolii aliingia Kenya mwaka 1976, ndani ya vipandikizi vya maua ya krisanthemumu vilivyoletwa kutoka Florida, Marekani. Kipandikizi kilionekana kizima, kumbe yai limo ndani ya jani. Kutoka kwenye maua nzi alihamia kwenye nyanya, maharagwe, matikiti na bamia, kwa sababu hachagui sana. Kwa mdudu anayekula mimea ya jamii nyingi hivyo, mpaka wa Busia au Malaba ni kitu gani?

Hapa pana jambo linaloniumiza. Uganda nayo ina mashamba ya maua tangu miaka ya 1990, mengi yakiwa karibu na Ziwa Victoria upande wa Entebbe, na baadhi yake huzalisha vipandikizi hivyohivyo vya krisanthemumu kwa ajili ya Uholanzi. Kwenye mashamba hayo kila jani hukaguliwa, kwa sababu mzigo ukikutwa na nzi unaweza kukataliwa. Miche ya nyanya inayouzwa kando ya barabara Mbale siku ya soko haina mnunuzi mkali namna hiyo. Mkulima anaipanga kwenye boda boda, anaifikisha shambani, na kama majani yana vitobo basi amebeba nzi wa msimu mzima. Ua la kupamba meza ya mtu Ulaya linapata mkaguzi. Mche wa chakula chetu haupati. Sheria ya ulinzi na afya ya mimea tunayo. Ninachotaka ni kumwona mkaguzi akisimama kwenye kitalu cha miche kabla ya mvua za Machi.

Hasara si ndogo. Watafiti wa CABI, shirika la kimataifa la kilimo, walichapisha mwaka 2017 makadirio ya wageni waharibifu watano kwa wakulima wadogo wa nchi sita, Uganda ikiwemo: nzi hawa, nondo wa nyanya Tuta absoluta, kiwavi mtoboa bua wa mahindi, ugonjwa hatari wa mahindi, na gugu la pathenia. Kwa pamoja walikadiriwa kuwagharimu wakulima hao kati ya dola milioni 900 na milioni 1,100 kila mwaka.

Huyo Tuta, aliyeingia nchini katikati ya muongo uliopita, ndiye aliyevuruga mambo zaidi. Wakulima wengi huwachanganya wawili hawa, na duka linauza dawa ileile. Tuta ni kiwavi wa nondo. Hafanyi mstari mwembamba, hufanya baka pana lenye kinyesi cheusi ndani, na huingia kwenye tunda. Nzi mchimba majani hagusi tunda la nyanya. Kwa hiyo mnyanya mkubwa wenye matunda, ukiwa na mistari kwenye majani machache ya chini, unaweza kukuvunia vizuri bila tone la dawa. Nasema hivi nikijua kwamba mistari inatisha macho. Macho yanataka shamba lisilo na alama, tumbo linataka nyanya.

Penye haki niseme pia. Kitaluni hali ni tofauti: mche wenye majani manne ukichimbwa matatu, umekwisha. Mwenye spinachi anauza jani lenyewe, na jani lenye mistari halinunuliwi. Mwenye njegere za kuuza nje anakabiliwa na wakaguzi wa Ulaya ambao hawataki hata buu mmoja. Hao wana sababu ya kutumia dawa, na dawa zinazofaa zipo: abamektini hupenya jani na kumfikia buu, na mafuta ya mwarobaini huzuia buu asikue huku yakiwadhuru nyigu kidogo kuliko dawa za kugusa. Ila abamektini ikinyunyizwa kila Jumamosi kama ibada, nayo itapoteza nguvu.

Kabla ya kununua chochote, chuma majani yenye mistari na uyainue kwenye jua. Buu mzima ni wa njano na anasogea. Ukiona mabuu ya kahawia yaliyokauka ndani ya mistari, au vibundo vidogo vyeusi vya nyigu mlemle ndani ya jani, nyigu wameshafika. Tazama na tundu la kutokea: buu akitoka huacha mpasuko kama nusu mwezi, nyigu akitokea ndani ya jani huacha kitundu cha duara. Katika kikundi chetu tunayaweka majani hayo kwenye mtungi wa plastiki unaopitisha mwanga, mdomo umefunikwa kitambaa chepesi, na tunangoja tuone wanaotoka ni nzi au nyigu. Mama mmoja mzee wa kikundi, aliyenyunyizia nyanya maisha yake yote, alipowaona nyigu wakitambaa kwenye kitambaa aliuliza, "Hawa wote nilikuwa nawaua mimi?" Hakuna semina ya wilaya iliyowahi kutufundisha kama mtungi ule.

Kuna wanaosema kutegemea wadudu ni ndoto za watafiti. Wakumbuke muhogo. Kidungata wa muhogo, mdudu mdogo mweupe anayenyonya utomvu, naye mgeni kutoka Amerika Kusini, alipokuwa akikausha mashamba ya Afrika, aliyemtuliza alikuwa nyigu mdogo aliyetafutwa huko Amerika Kusini na kuachiwa kuanzia Nigeria mwaka 1981. Hans Herren aliyeongoza kazi ile alipewa Tuzo ya Chakula Duniani mwaka 1995, na wakulima hawakuuziwa hata chupa moja. Kwa nzi wachimba majani, taasisi ya utafiti wa wadudu, icipe ya Nairobi, imekwisha kuleta nyigu kutoka Peru, Phaedrotoma scabriventris akiwa mmoja wao, na kuwaachia mashambani Kenya. Ila nyigu aliyevushwa bahari kwa gharama kubwa atakufa kwa bomba la mgongoni kama wenzake wa hapa.

Jambo lingine dogo lenye faida kubwa: tusiache shamba lililozeeka likisimama kando ya miche mipya. Mnyanya uliokwisha kuvunwa ndio unaofuga nzi wa kuhamia ng'ambo ya pili. Ung'oe, ulime udongo ili mabundo yapigwe na jua.

Kikundi chetu kimemwandikia afisa kilimo wa gombolola barua yenye maombi mawili. Kwanza, wauza pembejeo wafundishwe kutofautisha mstari wa nzi na baka la Tuta kabla ya kumpa mtu chupa. Pili, vitalu vya miche vikaguliwe Februari, wakati miche bado iko mikononi mwa muuzaji. Kikundi chochote kinachotaka nakala ya barua hiyo, kikiwa Kapchorwa, Kabale au Arua, kiniandikie nami nitaituma.