Bitiruti Yako Si Feki, Imechomwa na Joto

Juzi jirani alinipigia hodi, mkononi bitiruti iliyokatwa vipande viwili, usoni hasira ya mtu aliyetapeliwa. Ndani, badala ya wekundu wa damu, mlikuwa na miviringo myeupe, mmoja ndani ya mwingine, kama gogo lililopitiwa na msumeno.

"Jirani, mbegu hizi ni feki."

Aina gani? Detroit Dark Red. Ulipanda lini? Katikati ya kiangazi. Wapi? Pale uwanjani, jua la utosi, kwa sababu pakiti ilisema "jua kamili".

Basi nikakasirika na mimi, lakini si kwa ajili ya mbegu. Detroit inauzwa tangu 1892, imekwisha kupimwa na wakulima wa kila namna. Mzizi wa bitiruti wowote ule umejengwa kwa miviringo. Kukiwa na ubaridi, rangi hujaa yote na hutaiona mipaka. Joto likizidi rangi hupungua, miviringo inajitokeza, na utamu unapungua pia, maana usiku wa joto mmea unaunguza sukari ambayo ungeiweka akiba. Bitiruti hunona vizuri kwenye nyuzijoto 15 hadi 20 hivi. Yake ilikuwa inapikwa ikiwa bado ardhini.

Ninachokichukia ni hizo pakiti. Zimeandikwa na mtu anayeishi na theluji, kwa ajili ya mwenzake anayeishi na theluji. "Panda baridi kali ikishapita." Ipi? "Jua kamili." La kwake ni lile jua la kuombwa, linachungulia na kuondoka. La kwetu wa nchi za joto linakausha kamba ya nguo kabla hujamaliza kuanika! Halafu kuna sifa kubwa kuliko zote, eti aina hii "haitoi maua mapema". Aina iitwayo Boltardy imejengewa jina juu ya hilo tu. Sasa, bitiruti hushawishika kutoa maua ikipigwa na baridi, majuma kadhaa ya nyuzijoto chini ya 10. Kumsifia mtu wa joto sifa hiyo ni kumuuzia samaki mwavuli. Haya, nakubali: kama bustani yako iko mlimani na usiku unalalia blanketi mbili, Boltardy ina maana. Na si mbaya mdomoni. Wengine wote tumeuziwa dawa ya ugonjwa tusiougua.

Mtu wa joto aulize swali lingine kabisa: hii inakomaa kwa siku ngapi? Miezi yetu ya ubaridi ni michache, na bitiruti inatakiwa iingie na kutoka kabla mlango haujafungwa. Ndiyo maana mimi ni mtu wa Early Wonder, ambayo kwa siku 50 hivi inaweza kuwa tayari, na ninaing'oa ikiwa ndogo, inayojaa kiganja basi. Kuiacha inenepe hadi jirani waisifie ni kujitafutia nyuzinyuzi. Cylindra ni ndefu, inakatika vipande vinavyolingana, lakini inapenda kutoa mabega nje ya udongo, na bega likiungua ni gumu kama kwato, hivyo ipandishie udongo. Ya njano, Golden, ni nzuri na ina kiburi cha kuota. Chioggia ina miviringo yake ya kuzaliwa, kwa hiyo walau hakuna atakayekuja kukugongea mlango.

Kuota kwenyewe si tatizo la joto, mbegu inapenda udongo vuguvugu. Tatizo ni ganda la udongo linalokauka juu yake likawa sahani. Nilipanda mara mbili bila kuona hata jani. Ya tatu nililoweka mbegu usiku kucha, nikafukia kina cha kucha ya kidole gumba, nikafunika tuta kwa gunia bichi. Ziliota zote. Nami nikasahau gunia siku nne, nikakuta miche mirefu, myeupe, imelala chini kama tambi. Gunia litolewe siku ileile unapoona kijani cha kwanza!

Na tafadhali, punguzeni miche. Naomba kwa dhati. Ile unayoiita mbegu moja ni kifundo cha mbegu mbili, tatu, hata nne, isipokuwa aina chache kama Moneta ambayo hutoa mche mmoja. Ukiiacha yote isimame pamoja kwa sababu ya huruma, utavuna majani na mikia ya panya. Acha nafasi ya sentimita 10, na uliyoing'oa uile, majani yake ni mboga.

Mengine kwa haraka. Jua la asubuhi, kivuli cha alasiri. Matandazo, ili mizizi ipoe. Maji kidogo kila mara, si gharika baada ya ukame, ndiko kunakopasua mizizi. Ukikata ukakuta madoa meusi makavu ndani, udongo umepungukiwa madini ya boroni, na ukame huzidisha hilo.

Jirani nilimwambia ale tu, miviringo myeupe haina madhara. Keshokutwa yake alirudi, safari hii hakupiga hodi, akanivuta pembeni na kuninong'oneza habari za mkojo mwekundu. Nilicheka hadi nikakaa chini. Nikamweleza kuwa baadhi ya watu huwatokea hivyo na ni rangi ya bitiruti tu. Akaniangalia kwa muda.

"Yaani rangi ilikuwemo?"