Ni picha ndogo, ama ni picha ya kitu kidogo?

Tulikuwa na kasemina kadogo hapa Nairobi, watu wa labu tupu, chai ya saa nne imepita na mandazi yameisha, na dada mmoja anatuonyesha picha aliyopiga na simu kupitia jicho la hadubini. Slaidi ya damu yenye malaria, yaani kile kioo kilichopakwa damu. Ilitoka safi sana ukweli usemwe, na kupiga hivyo na simu bila kutetemeka si mchezo. Juu yake ameandika "Maikrofotografia ya damu, x1000". Mzee mmoja ambaye ameshika slaidi tangu wengine wetu tuko nasari akainua mkono, na tukajua tu. "Binti yangu, hiyo si maikrofotografia. Hiyo ni fotomaikrografia." Watu wakacheka. Dada akamjibu kwa heshima, "Mwalimu, si ni kitu kimoja, hapo umegeuza tu maneno?" Vichwa vikaitika, changu kikiwemo, tukaendelea na mambo mengine.

Kwa matatu nikirudi nyumbani bado nilikuwa naifikiria hiyo stori, na kadiri nilivyoifikiria ndivyo kicheko changu kilivyozidi kuniwasha. Kwanza mzee hakugeuza maneno, aligeuza swali. Yaani alikuwa anauliza: hapa kilicho kidogo ni nini, ni picha ama ni kitu kilichopigwa picha?

Ukichukua kitu kidogo kama chembe ya damu, chavua ama mguu wa kiroboto, ukakipitisha kwa hadubini ukakipiga picha kikatoka kikubwa cha kuonekana, hiyo ni fotomaikrografia. Ukichukua kitu kikubwa, gazeti zima, ramani, barua ya mjomba, ukakipiga picha ikawa ndogo mpaka macho matupu hayawezi kuisoma, hiyo ndiyo maikrofotografia. Moja inakuza na nyingine inapunguza, na kinachochanganya watu ni kwamba hadubini iko kwa zote mbili, huku unaihitaji ndio upige picha na kule unaihitaji ndio uione. (Kuna ndugu wa tatu, fotomakrografia, ya kupiga mende kwa karibu na lenzi bila hadubini, lakini huyo tumwache apite.)

Na hizi si kazi za kufikirika tu. John Benjamin Dancer, fundi wa vyombo wa kule Manchester, alipiga picha iliyopunguzwa mara 160 mwaka 1839, upigaji picha wenyewe ukiwa bado mtoto mchanga, na baadaye akawa anauza vipicha vidogo juu ya kioo, unanunua kisha unaenda kuvitazama kwa hadubini yako nyumbani. Upande ule mwingine, 1845 Wafaransa Alfred Donné na Léon Foucault walitoa atlasi yenye michoro iliyotokana na picha zilizopigwa kupitia hadubini, chembe za damu zikiwemo. Kwa hivyo ni fani mbili zilizokua pamoja kama watoto wa nyumba moja, tangu mwanzo, na ndio maana hata hao wenye Kiingereza chao wamekuwa wakizichanganya tangu karne ile.

Yule mdogo, maikrofotografia, hata amefanya kazi za maana kuliko tunavyompa sifa. Paris ilipozingirwa na jeshi la Wajerumani 1870 kuingia 1871, René Dagron alitoka mjini kwa baluni akaenda kupunguza barua na taarifa za serikali ziwe vipande vya filamu vyepesi kabisa, vinakunjwa, vinatiwa ndani ya kijiti cha unyoya na kufungwa kwa mkia wa njiwa. Njiwa akifika salama wanaziangaza ukutani kwa taa, makarani wanakaa wananakili. Kisha vita vya pili vya dunia, Wamarekani wakafanya hivyo hivyo na barua za wanajeshi, na hapa kuna hesabu siwezi kuiacha: barua 150,000 za kurasa moja moja zilizokuwa zinajaza magunia 37 ziliingia kwa gunia moja, mzigo wa zaidi ya kilo 1,100 ukawa kama kilo 20. Kilo ishirini ni jerikeni moja ya maji! Hiyo ndiyo maikrofotografia, na ukiweka neno hilo juu ya slaidi ya malaria ni kama umemwita mbebaji jina la mzigo.

Sasa niwape waliocheka haki yao, maana hoja wanazo. Wajerumani wanasema Mikrofotografie wakimaanisha hasa ile ya kupitia hadubini na sayansi yao haijaanguka, kwa hivyo hii sheria ya mzee ni sheria ya Kiingereza, si ya maumbile. Kamusi za Kiingereza zenyewe zimeshakubali, ukitafuta lile neno la kipicha kidogo, microphotograph, utakuta maana ya pili ni ile ya picha ya kupitia hadubini. Halafu watu wa utafiti wengi wamekata jina wakabaki na maikrografu, hawataki kelele, na wako na sababu maana hadubini ya elektroni haitumii mwanga, sasa "foto" hapo inafanya nini? Na ile hoja kubwa ya wote: pale ukumbini hakuna hata mtu mmoja aliyedhani dada ametuletea barua ya njiwa. Sote tulielewa. Kama sote tumeelewa, kosa liko wapi?

Hiyo ya mwisho ndiyo ilinishika sana, na ndiyo ninaona haisimami ukiitazama polepole. Tulielewa kwa sababu tulikuwa ukumbini, tunamjua dada, tunajua malaria. Picha ikitoka pale haitoki na ukumbi, inatoka na maneno yaliyo chini yake peke yake.

Na wanaosema kipicha kimekufa, hakuna anayekitumia tena, hao wanaishi Nairobi kweli? Kila siku tunaambiana "tukutane Akaivu", tunangojana nje ya lile jengo la Moi Avenue lililokuwa benki zamani, na wengi hatujawahi kupanda ndani. Mle ndani ni Nyaraka za Taifa, na nyaraka za Kenya zilipigwa maikrofilamu nyingi tu, yaani vipicha vya kurasa juu ya filamu, Chuo Kikuu cha Syracuse kule Marekani kina nakala zake na wanahistoria wamezisoma huko miaka na miaka. Mwanafunzi wa historia na mwanafunzi wa biolojia wa mji huu huu wakitafuta kwa neno moja watapata vitu ambavyo havijuani. Hata simu iliyopiga ile picha ya damu ni mtoto wa maikrofotografia, kwa sababu chipu zinatengenezwa kwa kupunguza mchoro kwa mwanga juu ya silikoni, na miaka ya 1950 Jay Lathrop na James Nall walipoanza kazi hiyo walitumia hadubini iliyogeuzwa, badala ya kukuza ikawa inapunguza. Hadubini kinyume! Kwa hivyo siku ile kazi zote mbili zilikuwa mkononi mwa dada, moja ndani ya simu na moja kwa skrini yake, na sisi tunasema ni kitu kimoja.

Lakini kilichonifanya niandike ni ile "x1000", yaani imekuzwa mara elfu, na naomba mnivumilie hapa maana nitakaa kidogo. Lenzi ya kukuza mara mia, zidisha kwa ile ya jichoni ya kukuza mara kumi, ni elfu, sawa, hakuna mtu anabisha. Lakini elfu hiyo ni ya jicho la mtu aliyeinama juu ya hadubini. Picha ikishapigwa, hiyo elfu imebaki mezani. Tuchukue hadubini ambayo kwa lenzi ya mia lile duara unaloona lina upana wa maikromita 180 (milimita moja ina maikromita elfu), ni la kawaida tu. Picha ya duara zima kwa skrini ya simu yenye upana wa sentimita 7 imekuzwa kama mara 390. Picha hiyo hiyo ukiitupa kwa ukuta na projekta iwe mita mbili, imekuzwa kama mara 11,000. Chembe nyekundu ya damu, ambayo kwa kweli ni kama maikromita 7 na nusu, kwa simu yako ni karibu milimita 3, ukutani inapita sentimita 8, yaani chungwa. Na chini ya zote mbili imeandikwa x1000! Mtu akiizumu kwa vidole viwili inabadilika tena, akiituma WhatsApp ikakatwa pembeni inabadilika tena, na ile elfu imekaa tu pale inatabasamu.

Watoto wetu wanafunzwa shuleni kwamba ukuzaji ni urefu kwenye picha gawanya kwa urefu halisi wa kitu. Sasa mpe mtoto hiyo picha kwa simu, apime chembe kwa rula, milimita 3, agawanye kwa elfu, atakuambia chembe nyekundu ni maikromita 3. Mtoto hana makosa hata kidogo.

Dawa yake inajulikana na ni rahisi, ni kile kijistari cha kipimo pembeni mwa picha kimeandikwa maikromita 10. Unaweka ile slaidi yenye rula iliyochorwa, milimita moja imegawanywa mara mia, unaipiga picha kwa lenzi ile ile, unajua maikromita 10 ni urefu gani, unachora. Picha ikikua kijistari kinakua, ikipungua nacho kinapungua, hata uifanye bango la Thika Road bado kinasema ukweli.

Na hapo ndipo naona jina na namba ni stori moja, jambo ambalo nadhani mzee alikuwa anataka kulifikia kabla hatujamcheka. Kwenye maikrofotografia, ukisema 160 unamaanisha kitu kimepunguzwa mara 160, na hesabu hiyo haibadiliki kwa sababu kile kipande cha filamu ndicho chenyewe, kina saizi yake, unaweza kukishika. Kwenye fotomaikrografia namba inaenda upande mwingine, inakuza, na haina mahali pa kukaa mpaka uiambie ni kwa karatasi gani ama skrini gani. Kwa hivyo jina ndilo linakuambia namba inatembea kuelekea wapi na kama uiamini. Aliyezoea kujiuliza "kidogo hapa ni nini?" atajiuliza pia "ni kidogo kiasi gani?" na mkono wake utaenda kwa kijistari wenyewe. Asiyejiuliza la kwanza, sijamwona sana akijiuliza la pili. Hiyo ni kwa macho yangu, sina utafiti.

Kitu kingine kimenichekesha ni kwamba sisi tunaosema Kiswahili tulikuwa na jibu kinywani. Kiswahili kinaanza na mkubwa wa neno kisha mfuasi wake, askari kanzu ni askari, mwanasheria ni mtu. Soma yale maneno ya kigeni hivyo hivyo kwa masikio ya Kiswahili: foto-maikro, picha ya kidogo; maikro-foto, kidogo cha picha. Yamekaa sawasawa bila hata kujua Kigiriki. Na hicho "kidogo cha picha" tunacho tayari kwa ki- tu, kipicha, vipicha, silabi moja imemaliza ugomvi wa miaka mia na hamsini.

Upande ule mwingine ndio una kazi. "Picha ya hadubini" inateleza, kwa sababu ni kama "picha ya Otieno", ni Otieno amepigwa ama ni Otieno amepiga? Ukiandika hivyo kuna mtu atategemea kuona hadubini yenyewe imesimama mezani. Halafu mtaani wengi wanaita zote darubini, ya kuangalia nyota na ya kuangalia vijidudu, kwa hivyo "picha ya darubini" inaweza kuwa mwezi. Mimi naandika "picha kupitia hadubini", ni ndefu kidogo lakini hakuna pa kupotea, na kwa ripoti za kitaalamu naacha fotomaikrografia ikae kama ilivyo. Kuna shindano la picha za namna hii linaendeshwa na Nikon tangu 1975 na hadi leo wanaliita hivyo hivyo, la fotomaikrografia, wala sijasikia limekosa washiriki kwa ajili ya jina gumu.

Mzee nimempigia simu juzi kumwambia alikuwa sawa. Akaniuliza tu kama yule binti ameshapata slaidi ya rula, maana yeye anayo moja ya zamani kwa droo na haitumii siku hizi, macho. Nikampa namba ya dada.