Kwenye beji yangu sasa wameandika Kabula

Jumanne wiki hii nimepewa beji mpya kazini. Ile ya zamani ilikuwa imeandikwa Lilian. Hii imeandikwa Kabula, kwa herufi nyeusi kubwa ambazo hata mzee mwenye mtoto wa jicho anazisoma. Niliomba Ijumaa, Jumanne ikawa tayari, wala hakuna aliyenidai kiapo cha mahakama au barua ya mwenyekiti wa mtaa. Kwa furaha nikaipiga picha nikaitupia kwenye grupu la familia, kosa ambalo nalilipia mpaka leo.

Kaka yangu ndiye aliyewahi: "Dada, ubatizo wako umeuacha uwanja wa ndege?" Binamu akaweka vicheko sita. Mama mdogo wa Isevya, kwetu Tabora, ambaye huandika neno moja kwa mwezi, safari hii akaandika manne: "Hilo jina la kizee." Mdogo wangu, mwenye kichanga cha kike cha siku 27 ambacho bado hakina jina kwenye karatasi, alinyamaza. Namjua. Akinyamaza hivyo ujue ana jambo.

Ngoja niwaambie beji imetokea wapi, maana kwa kuhukumu hamjambo.

Ninaishi Umeå, kaskazini mwa Sweden. Mji huu uliungua mwaka 1888, na walipoujenga upya wakapanda miti ya björk, yenye magome meupe, kando ya barabara ili moto usiruke tena kutoka mtaa hadi mtaa. Leo unaitwa mji wa björk, kama Tabora inavyoitwa ya maembe. Kazi yangu ni kutunza wazee. Mmoja wao ni bibi wa miaka tisini na ushee anayeitwa Linnea. Mwezi wa sita nilimsukuma kwenye kiti chake mpaka ukingo wa msitu wa misonobari, akaniambia nisimame, nipige magoti. Nikadhani ameangusha kitu. Kumbe ananionyesha ua.

Ua lenyewe ukipita haraka utalikanyaga. Kikonyo chembamba kama uzi wa kushonea, urefu wa kidole, juu kimegawanyika mara mbili kama manati, na kila upande umening'iniza kengele moja ya rangi ya waridi iliyopauka, haifiki hata punje ya karanga. Mawili, yanafanana, yameinama pamoja. Nikajikuta nasema kwa Kiswahili, peke yangu: Kulwa na Doto.

Hilo ndilo linnea, na ndilo jina lake bibi. Akanipa na nasaba yake. Zamani Waswidi wengi hawakuwa na jina la ukoo, mtu alikuwa fulani mwana wa fulani. Kijana mmoja, Nils Ingemarsson, akaenda chuo kikuu, akatakiwa awe na jina la ukoo. Kwao kulikuwa na mti mkubwa wa aina ya lind, akajiita Linnaeus. Mwanawe Carl, aliyezaliwa mwaka 1707, ndiye yule bingwa wa mimea. Mwaka 1732 alipita hapahapa Umeå akielekea kaskazini zaidi. Alikipenda sana hiki kiua, na Mholanzi Gronovius akakipa jina lake kwa heshima: Linnaea. Kisha watu wakaanza kuwaita binti zao Linnea. Yaani mti umezaa jina la ukoo, ukoo ukazaa jina la ua, ua likazaa jina la msichana, na bibi wa miaka tisini anakusimulia mnyororo wote huo akiwa na blanketi magotini, kama mtu anayehesabu wajukuu.

Huyo Carl ndiye aliyeeneza mtindo wa kila mmea kuwa na majina mawili ya Kilatini. Hata embe letu, lile linalookotwa bure mpaka mbuzi wanalisusa, kwenye vitabu ni Mangifera indica L., na hiyo L ni yeye, mwaka 1753. Kwa hiyo msinicheke nikisema huyu mzee wa Uswidi ana mkono wake mpaka Ipuli, Tabora.

Halafu bibi akaniuliza: na Lilian, maana yake nini? Nikamwambia ni ua pia. Ua gani? Yungiyungi la Kizungu. Linaota kwenu? Nikakwama. Nimeitwa jina la ua miaka yote hii na sijawahi kuliona limeota. Baya zaidi, wapo wanaosema Lilian haikutoka kwenye ua lolote, ni Elizabeti iliyokatwakatwa. Basi hata hilo ua lenyewe ni la mashaka! Bibi akanitazama kwa huruma, kama anavyomtazama mwenzake aliyesahau chumba chake. "Huna jina jingine?"

Ninalo.

Mnyamwezi na Msukuma hawahitaji kuelezwa, ila kwa wengine: mbula ni mvua, na hiyo ka- ni ya udogo. Kabula ni kamvua, mtoto wa kike aliyekuja na mvua. Wa kiume ni Mabula, mvua tele, naona wanaume walijipendelea hata hapo. Pale pale Tabora mjini, ukivuka mtaa wa Ng'ambo, mtoto huyohuyo angeitwa Mwamvua. Kwa Waluhya angekuwa Nafula, kwa Wajaluo Akoth. Wazulu mvua wanaiita imvula, na Watswana wanaiita pula, neno ni lile lile limetembea, ila wao hawakuishia kumpa mtoto: tangu mwaka 1976 fedha ya Botswana yenyewe inaitwa Pula. Nchi nzima inahesabu mvua mfukoni, sisi kamvua kamoja tu tunakafichia kwenye herufi.

Ndiyo, kwenye herufi. Shule ya msingi nilikuwa Lilian K., sekondari Lilian K., na aliyeuliza hiyo K ni ya nini nilimwambia Catherine, nikitumai hajui tahajia. Maana darasa la tatu mwalimu aliwahi kuita jina lote, na tangu siku hiyo wavulana wakiniona napita wanapiga kelele, "Anueni nguo, Kabula anakuja!" Sasa nacheka. Wakati ule nilimlaani shangazi yangu wa Sikonge, aliyefika nyumbani usiku nilipozaliwa, matope mpaka magotini, akasema huyu ni Kabula na hakumwuliza mtu, hata baba.

Najua mnachotaka kusema. Mtasema paspoti ulipataje, si kwa Lilian? Kwa Lilian. Viza? Kwa Lilian. Mtasema mkataa kwao mtumwa, na leo mtumwa karudi kutufundisha kwao. Mtasema imebidi bibi wa Kizungu akuambie jina lako ni zuri ndipo uamini. Hilo la mwisho linauma kwa sababu ni kweli. Shangazi alikuwa ananiambia bure, sikumsikia. Lakini jamani, mtu akichelewa kufika ndiyo aambiwe arudi alikotoka?

Na kabla hamjaniita mpambe wa Wazungu, sikilizeni. Hawa watu wanakijua kila kiuyoga kwa jina, jirani wa mlango wa pili hawamjui. Nimepanga ghorofa moja na mtu miaka minne, tunaitikiana kwa kidevu, sijui jina lake la ua wala la jiwe. Na mgeni mwenye jina la ukoo lisilotamkika huku hana raha. Wapo wanaolibadilisha kabisa ili waitwe kwenye usaili wa kazi. Sijasema huku ni peponi. Sasa hivi saa nane mchana giza linaanza kuingia.

Nasema hili moja tu: majina yao hawayaonei haya. Ukitafsiri orodha ya zamu zetu utadhani ni hesabu ya misitu. Lindgren ni tawi la lind, Bergström ni mkondo wa mlimani, Kvist ni kitawi, Blad ni jani. Fundi wa lifti anaitwa Björn, yaani dubu. Daktari anayekuja Alhamisi ni Ulf, mbwa mwitu, mpole kama maji ya mtungini. Hakuna anayecheka. Mashimba wetu, simba kamili, akishuka tu treni Dar es Salaam tayari ni Michael.

"Jina la kienyeji litamzuia mtoto." Limzuie nini, na nani? Kulwa na Doto zimewazuia wapi? Hayo ni majina yetu haya haya, ya Kinyamwezi na Kisukuma, yameenea nchi nzima, hata watu wa pwani mapacha wao ni Kulwa na Doto na wala hawajui yametokea kwetu. Kwa nini Doto ni la kisasa na Kabula ni la kizee? Nani alikaa akaamua?

"Padri atakataa." Mama yangu huyo. Mama, kwa heshima zote, Sheria za Kanisa za mwaka 1983, kanuni ya 855, zinataka tu jina lisiwe geni kwa moyo wa Kikristo. Hazikusema lazima liwe la Mzungu. Na mvua imekosa nini kwa Mungu, ikiwa kila Oktoba tunaiombea misa?

Hapo ndipo bibi Linnea naye alipoteleza. Alishangaa mtoto kupewa jina la mvua kwa furaha, maana huku mvua ni kero, wanaiombea iishe wakachume matunda ya msituni. Nikajaribu kumweleza Oktoba ya Tabora, nikashindwa. Nyie mnaijua. Lile vumbi, ile foleni ya ndoo, yale mawingu yanayojikusanya alasiri kisha yanaondoka kama mgeni aliyekosea nyumba. Nikamwambia tu: bibi, kwetu mvua ya kwanza watu wanatoka nje, hawaingii ndani. Akafikiri kidogo. Kesho yake akaniita Kabula, akaendelea kuniita hivyo, mpaka wenzake nao wakashika, mpaka beji ikaonekana ni ya mtu mwingine.

Sasa turudi kwa mdogo wangu na kimya chake.

Mtoto wake alizaliwa mwezi uliopita, usiku, umeme hakuna, na shemeji alivuka kwa miguu kwa sababu maji yalikuwa yamefunika kalavati na bodaboda kagoma. Mvua ile ilikuwa ya kwanza ya maana mwaka huu. Mimi huku nikasema basi, jina limekuja lenyewe, limebisha hodi, kazi ni kulifungulia tu.

Baada ya picha ya beji akanitumia sauti. "Dada, shikamoo. Sisi jina tumeshapata, na ulituletea wewe mwenyewe. Ile hadithi ya kiua. Linnea. Baba yake kalipenda sana. Tutaandika Lineya, watu wasisumbuke kusoma."

Nilicheka mpaka nikakaa chini. Halafu nikakasirika. Nikampigia, nikamwambia mdogo wangu, jina zuri, lakini lile ua jina lake kamili ni Linnaea borealis, na borealis maana yake ni la kaskazini. Limeandikwa kabisa! Linaota kwenye misitu ya baridi, chini ya misonobari, theluji inalifunika nusu mwaka. Ukilipanda Tabora halimalizi wiki.

Akanijibu taratibu, kama anavyonyonyesha: "Na wewe Kabula uko kwenye theluji mwaka wa sita. Umekufa?"

Sikuwa na la kusema, na hata leo sijalipata, nakiri. Nilichoweza ni kurukia upande mwingine, nikamwambia basi mpeni yote mawili, Linnea Kabula, kama huyo mzee wa mimea alivyotaka kila kitu kiwe na majina mawili. Akasema ataona na mwenzake. "Ataona" ya mdogo wangu mnaijua, ni hapana iliyovaa kanga.

Jana mama akanitumia sauti. Nilitaka kujua msimamo wake, maana mjukuu yuko kwake kwa arobaini. Sekunde 42, na karibu zote ni mvua juu ya bati. Mama anaongea, nasikia "mwanangu", kisha mvua inammeza, kisha "amelala", kisha mvua tena, na mwishoni kabisa, akiwa ameshaisahau simu, anambembeleza mtoto kwa jina ambalo sikulipata vizuri. Limeishia na a. Linnea inaishia na a. Kabula pia inaishia na a. Nimeisikiliza mara kumi na moja. Bibi Linnea naye nilimsikilizisha, akaomba nirudie, si kwa ajili ya jina, alitaka kusikia bati.

Huku jina la mtoto linapelekwa kwa mamlaka ya kodi, na una miezi mitatu. Kwetu kizazi kinaandikishwa RITA, wakala wa serikali wa vyeti vya kuzaliwa, ndani ya siku 90, kwa hiyo angalau hapo tumelingana. Kwa hesabu yangu zimebaki siku 63, na shangazi wa Sikonge bado sijampigia.