Tuzipange Faili za DLL kwa Aliyezileta

Anayefungua folda ya System32 kwenye kompyuta yenye Windows hukutana na maelfu ya faili zinazoishia na .dll, nyingi zikiwa na majina mafupi yasiyosomeka, na hamu yake ya kwanza huwa ni kujua kila moja inafanya kazi gani. Hamu hiyo ni ya haki, lakini naamini inatangulizwa mapema mno. La kuuliza kwanza ni nani aliyeileta faili hiyo, kwa kuwa jibu la swali hilo ndilo linaloamua kama iachwe, isakinishwe upya au itiliwe shaka.

Faili hizi ni maktaba za pamoja: kazi kama kuchora dirisha au kusoma diski huandikwa mara moja, kisha programu nyingi zikaitumia kazi ile ile. Windows ya kwanza, ya mwaka 1985, ilikwisha kugawanywa hivyo katika Kernel (kiini cha mfumo), User (madirisha na vitufe) na GDI (uchoraji), na hadi leo tunazo kernel32.dll, user32.dll na gdi32.dll. Hili ndilo kundi la kwanza kati ya matatu, la mfumo wenyewe, na sina mengi ya kulisemea zaidi ya kwamba haliguswi kwa mkono. Tangu Windows 2000 mfumo umekuwa ukizilinda faili zake, baada ya miaka mingi ya programu moja kuandika toleo lake juu ya toleo ambalo nyingine ililitegemea.

Kundi la pili ndilo linaloumiza watu. Ni maktaba za wasanidi programu zinazokuja kwa vifurushi, kwa mfano vcruntime140.dll na msvcp140.dll, ambazo huletwa na kifurushi cha Visual C++, zana ya Microsoft ya kuandikia programu. Ujumbe unapotokea kwamba vcruntime140.dll haikupatikana, wengi huitafuta faili hiyo peke yake kwenye tovuti zinazogawa DLL mojamoja, wakaitia ndani ya System32. Napinga tabia hii kwa nguvu zote. Faili ya namna hiyo haina uthibitisho wa ilikotoka, mara nyingi huhitaji wenzake wa toleo linalolingana, na huenda isiwe ya aina inayotakiwa. Kwenye Windows ya biti 64, System32 huhifadhi faili za biti 64, ilhali zile za biti 32 hukaa SysWOW64, kinyume kabisa na majina yanavyoashiria. Kwa hiyo hata mtu mwangalifu anaweza kuiweka mahali ambapo programu yake haitaiona.

Kundi la tatu ni la programu moja moja, nalo hukaa ndani ya folda ya programu husika. Kwa kawaida Windows huanza kutafuta maktaba humo kabla ya kwenda kwenye folda za mfumo, isipokuwa kwa baadhi ya maktaba za mfumo wenyewe. Ndiyo maana sqlite3.dll, maktaba ya hifadhidata, inaweza kuonekana mara kadhaa kwenye diski moja, kila nakala ikiwa na toleo lake na sababu yake ya kuwapo. Nimeshuhudia kompyuta ambayo nakala kama hizo zilifutwa kwa kudhaniwa kuwa marudio, na programu tatu zikakataa kufunguka siku hiyo hiyo. Utaratibu huo huo wa utafutaji huwapa wadukuzi mwanya wa kupachika faili bandia yenye jina linaloaminika kando ya programu halali, jambo linaloonyesha jinsi jina lilivyo ushahidi dhaifu.

Hata jina la kampuni linaloonekana katika sifa za faili linaweza kuandikwa na yeyote, hivyo saini ya kidijitali, yaani alama ya siri ya mtengenezaji ambayo Windows inaweza kuihakiki, ni ya kutegemewa zaidi.

Ukishajua aliyeileta, tiba hujitokeza yenyewe. Faili ya mfumo iliyoharibika hurekebishwa kwa amri ya sfc /scannow. Ya kifurushi hurudishwa kwa kusakinisha kifurushi kizima kutoka kwa mtengenezaji. Ya programu hurudi programu hiyo inaposakinishwa upya. Inayobaki bila saini, bila kifurushi na bila programu inayoitambua, hiyo ndiyo inayostahili kuchunguzwa kwa programu ya kuzuia virusi kabla ya kitu kingine chochote.