Mpambe, simama useme ulichokiona

Agosti na Desemba zikikaribia, wako mabinti wa Nairobi ambao huanza kukosa usingizi kwa ajili ya harusi isiyo yao. Ni wapambe, wale wanaomsimamia bibi harusi. Kamati imeshakaa, hema limelipiwa, gauni limeshonwa na kujaribiwa, halafu ujumbe unaingia kwenye kikundi cha WhatsApp: mpambe amewekewa dakika tano kwenye ratiba. Kuanzia hapo hata chakula hakishuki.

Nimewahi kusimama kama mpambe, na tangu wakati huo wadogo zangu na wenzangu wa kazini huniletea hotuba zao niwasikilize. Kila ninapowasikiliza narudi palepale: hofu ya mpambe, kwa sehemu kubwa, inatoka kwenye kudhani kwamba ameitwa kutumbuiza. Kuchekesha watu ni kazi ya MC, na amelipwa. Kuwainua vitini ni kazi ya DJ, naye amelipwa. Mpambe ameitwa kutoa ushahidi.

Hayo si maneno ya kupamba. Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 inataka ndoa iwe na mashahidi wawili, na kwenye harusi zetu nyingi wawili hao huwa ndio mpambe na msimamizi wa bwana harusi. Asubuhi, mbele ya padri au mchungaji, unainama mezani na kutia sahihi kwenye cheti huku wapiga picha wakikusongasonga. Alasiri, ukishika kipaza sauti, wewe ni mtu yuleyule. Shahidi haulizwi kama ana sauti tamu wala kama anajua mzaha. Anaulizwa aliona nini.

Mwaka huu binti ya mama yangu mdogo alikuja kwangu Donholm na hotuba yake kwenye simu. Rafiki yake wa tangu chuo alikuwa anaolewa, sherehe ifanyike kwenye bustani moja ya Barabara ya Kiambu. Nikamwambia, "Nisomee kwa sauti, mdogo wangu." Akaanza: "Wageni waheshimiwa, itifaki ikizingatiwa..." Itifaki, na anamsemea msichana aliyelala naye chumba kimoja miaka yote ya chuo! Ikafuata maana ya upendo aliyoichota kwenye intaneti, kisha 1 Wakorintho 13, "Upendo huvumilia, hufadhili," maneno mazito kweli, lakini ambayo mchungaji angekuwa ameshayasoma asubuhi. Mwisho zikaja sifa: mrembo, mcheshi, mchapakazi, mcha Mungu. Hakukuwa na sentensi hata moja ambayo isingeweza kusemwa kuhusu bibi harusi mwingine yeyote kati ya Ruiru na Rongai.

Nikamwomba aweke simu chini. "Huyu dada, ulimwona akifanya nini ambacho sisi wengine hatukukiona?"

Akanyamaza kitambo. Kisha akaniambia kwamba baba yake alipofariki, wakiwa mwaka wa pili, rafiki huyo alipanda basi la usiku kutoka Nairobi hadi Kakamega. Hakuwa amewahi kufika, hakumjua mtu pale ila yeye. Alifika alfajiri, akaweka begi lake chini ya mti, akavua viatu, akaingia nyuma ya nyumba na kuanza kusugua sufuria kwa majivu pamoja na akina mama. Hakuja hata kumpa mkono kwanza. Mimi nilikuwepo kwenye mazishi yale. Nilimwona msichana yule, masizi hadi viwikoni, nikadhani ni wa kwa jirani.

"Lakini dada, hiyo ni habari ya matanga. Nitaitoaje harusini?"

Nikamwambia aitoe hivyohivyo alivyonipa. Watu waliokaa chini ya hema watataka kujua ni mwanamke wa aina gani anayeingia kwenye ukoo wao, na jambo hilo moja linawaeleza kuliko sifa ishirini. Mama mkwe akisikia habari ya sufuria hatahitaji kuambiwa kwamba mkaza mwana wake ni mchapakazi.

Kuhusu bwana harusi alikuwa na neno moja tu la kusema, na lilitosha. Rafiki yake ni muuguzi, na zamu za jioni humtoa kazini usiku. Kabla hata wenzake hawajajua kuna mchumba, yeye alikuwa akimwona kijana fulani amesimama steji, mvua au baridi, akingoja matatu ifike ili amsindikize nyumbani. Mpambe amwone bwana harusi pia. Hotuba inayomsifu bibi harusi peke yake, mume akawa kama mgeni aliyepita njia, huacha upande mmoja wa hema ukiwa umenuna, na haki wanayo.

Sasa lugha. Hapa nina msimamo mkali. Harusi nyingi za mji huu zinakutanisha koo mbili ambazo nyumbani hazizungumzi lugha moja. Katika harusi hiyo upande mmoja ulitoka Nyeri na mwingine Machakos. Nyanya wawili wameketi mstari wa mbele, leso mpya mabegani, wameamka saa tisa za usiku ili wafike, na kipindi kizima wanahutubiwa kwa Kiingereza. Wanacheka wenzao wakicheka. Hao ndio waliomlea bibi harusi na bwana harusi, na lugha ambayo wote wawili wangeielewa bila mkalimani ni Kiswahili. Mdogo wangu alikuwa ameiandika hotuba yake nusu Kiingereza kwa kuhofia kuonekana hakusoma. Nikamwambia digrii yake haitaulizwa siku hiyo. Kiswahili kile kile tunachoagizia chai na kugombania bei Gikomba kina nguvu ya kubeba sufuria zile za Kakamega, tena kinazibeba vizuri zaidi kwa sababu ndicho rafiki yake alichokisema siku ile ile nyuma ya nyumba.

Urefu: dakika tatu. Ukipewa tano, chukua tatu. Maneno 300 hivi, yakisomwa bila pupa, yanafika hapo. Anayejua ratiba zetu anajua sababu. Ibada imeanza kwa kuchelewa, picha zimekula saa nzima, chakula kimefuata, wazee wa pande zote mbili wamesema, kikundi cha kina mama kimetoa zawadi kikiimba, na wenye bustani wanataka watu watoke kabla giza halijaingia. Mpambe anapoitwa watoto wamelala mapajani na mawingu yanajikusanya. Dakika tatu zenye jambo moja la kweli zitasikilizwa. Ya kuacha nje ni machache: wapenzi wa zamani (hata kwa mafumbo, maana shangazi hufumbua haraka), visa ambavyo ni nyinyi wawili tu mnavielewa, na deni lolote la moyo ulilonalo kwa bibi harusi. Hilo mkalimalize mkiwa wawili.

Nije kwenye woga wenyewe, kwa sababu hata ukiwa na maneno mazuri mwili utafanya yake. Moyo kwenda mbio, viganja kulowa, mdomo kukauka: hiyo ni adrenalini, mwili unajiandaa kwa jambo ambalo umeliona ni kubwa. Na ni kubwa kweli. Watu watakwambia utulie. Mwaka 2014 mtafiti Alison Wood Brooks wa Chuo Kikuu cha Harvard alichapisha majaribio ambayo ndani yake watu waliotakiwa kuhutubu walijiambia maneno tofauti kabla ya kuanza. Waliosema wana msisimko walionekana na wasikilizaji kuwa wenye ushawishi na wanaojiamini kuliko waliojiambia watulie. Mapigo ya moyo hayashuki kwa amri, ila unaweza kubadilisha jina unaloyaita. Kwa hiyo usijiambie "tulia." Jiambie, "Nina hamu ya kuwaambia habari za huyu dada yangu," maana unayo.

Liko na jingine ambalo limewasaidia wengi niliowasikiliza. Kenneth Savitsky na Thomas Gilovich walionyesha mwaka 2003 kwamba mzungumzaji hudhani woga wake unaonekana na kila mtu, kumbe wasikilizaji wanauona kwa kiasi kidogo kuliko anavyodhani. Tena wazungumzaji walioelezwa jambo hilo mapema walihutubu vizuri zaidi. Magoti unayohisi yanagongana, yule mjomba wa meza ya saba hayaoni. Kinachoonekana ni karatasi. A4 laini ikitetemeka hupiga kelele mbele ya kipaza sauti, na upepo wa bustani ukiongezeka ndio basi. Nunua karatasi ngumu ya manila, ikate vipande vya ukubwa wa kiganja, uandike kwa herufi kubwa upande mmoja tu na uvipe namba. Usisome kwenye simu: jua linafuta kioo, na ujumbe wa kamati unadondoka katikati ya sentensi.

Kariri sentensi ya kwanza na ya mwisho. Zilizobaki zisome, ukiinua macho. Fanya mazoezi kwa sauti na umesimama, kwa sababu ulimi hukwama mahali ambapo jicho halikuona shida. Mdogo wangu alikuwa akikwama kwenye "walivyoshirikiana". Tukaweka "walivyosaidiana" na shida ikaisha. Ukiitwa, usikimbilie kusema. Sogea mbali na spika ili zisipige ukelele, shika kipaza sauti karibu na kidevu, toa pumzi polepole, ndefu kuliko uliyovuta, kisha mtafute bibi harusi kwa macho na uanze na jina lake. Mkatae anayekuletea glasi ya divai "ya kukupa ujasiri." Inalegeza ulimi wakati unauhitaji ukaze.

Na machozi? Yakija, nyamaza. Wanaotazama ni watu wako, na mcheza kwao hutunzwa. Mdogo wangu alipofika kwenye sufuria sauti ilikatika kabisa. Kabla hajajua afanye nini, shangazi mmoja wa upande wa Machakos alipiga kigelegele, wa Nyeri wakakijibu kwa chao, na kelele ile ikampa nafasi ya kumeza mate na kupata mahali alipoachia. Nyanya wa bwana harusi alikuwa amesimama. Mdogo wangu akamalizia habari ya steji, akawataka watu wainue glasi zao, soda kwa waliokuwa na soda, na akaketi. Mtu mmoja akaniambia baadaye kwamba huyo dada ni jasiri sana, haogopi watu.

Zile kadi za manila usizitupe. Mpe bibi harusi jioni ileile, hata kama zimelowa jasho na zimepindapinda. Siku hiyo amesalimiwa na watu wengi mno, nusu ya uliyoyasema yatakuwa yamempita, na video ya harusi huchukua wiki hata miezi kufika.