Chakula cha Watu Watatu

Mke wangu ni muuguzi msaidizi kwenye nyumba ya kutunzia wazee, zamu yake saa tisa alasiri hadi saa tano usiku. Kwa hiyo mama yake alipotoka Tanga kuja kututembelea hapa Saint Paul, Minnesota, jioni tulikuwa tunabaki wawili tu: mimi na mkwe wangu, tunaoneana haya. Na kwetu mkwe ni mkwe. Hujinyooshi kwenye kochi mbele yake, hukatizi sebuleni na kaptura, na akisema jambo hubishani. Hilo la kutobishana lishike vizuri, maana ndilo lililotuletea zimamoto.

Chanzo ni sandwichi. Kazini kwangu, ghalani, kuna mzee mmoja mzaliwa wa Omaha, Nebraska, ambaye kila Ijumaa hula sandwichi iitwayo Reuben. Ni nyama ya ng'ombe iliyolazwa kwenye maji ya chumvi, jibini ya Uswisi, kabichi iliyochachushwa na sosi yenye rangi ya waridi, vyote vimebanwa kwenye mkate mweusi wa rai na kukaangwa kwa siagi. Ukitaka kumwona mzee huyu amevimba, mwambie sandwichi hiyo ilianzia New York. Atakushika mkono akusimulie Hoteli ya Blackstone ya Omaha, na wacheza karata wa miaka ya 1920, na muuza vyakula mmoja, Reuben Kulakofsky, ambaye kwa maneno yake ndiye aliyeibuni pale mezani. New York nao wana Reuben wao, Arnold, mwenye mgahawa, na wana kisa chao. Mimi sina upande. Nyama yake haikuchinjwa kwetu, kwa hiyo sikuwahi kuionja. Nilikuwa naila kwa pua tu, Ijumaa hadi Ijumaa.

Siku moja mzee akanionea huruma. Akaniambia kwake hawahangaiki na sandwichi moja moja. Mkewe huzivunja zote kwenye bakuli la oveni: vipande vya mkate chini, nyama, kabichi, sosi, jibini, juu kabisa chenga za mkate na siagi, kisha moto wa nyuzi 350 za Fahrenheit, ambazo kwetu ni kama 177, mpaka pembeni pachemke. Kwingine Marekani chakula cha namna hiyo wanakiita kaseroli. Minnesota wanakiita hotidishi, na hapa mtu akifiwa, akijifungua au akivunjika mguu, jirani hagongi mlango mikono mitupu.

Kipimo cha mkewe kilikuwa cha bakuli la inchi 9 kwa 13, watu kumi na wawili. Sisi watatu. Bakuli langu ni la inchi 8 kwa 8. Nikapiga hesabu: 117 kwa 64, yaani nusu na kachenji kidogo. Nikaandika nusu ya kila kitu kwenye karatasi, nikaibandika kwenye friji. Nyama nikaifuata duka la Wasomali, ambao Minnesota wamejaa kuliko jimbo lingine lolote la Marekani, nikapata nyama ya kopo yenye muhuri wa halali. Mzee wa Omaha angeona kopo lile angelia. Lakini si alikuwa na Omaha yake na sandwichi yake?

Nikafungua chupa ya kabichi, nikaimwaga kwenye chujio ndani ya sinki ivuje maji, kama karatasi ilivyoagiza. Nikatoka kupeleka taka. Niliporudi, mama alikuwa amesimama juu ya sinki, ncha ya mtandio puani.

"Mwanangu, kabichi yako imechacha."

"Ndivyo ilivyo, mama. Inachachushwa makusudi."

Akanitazama kwa muda. "Makusudi ya nani?"

Sikuwa na jibu, na hata ningekuwa nalo, nimeshasema, mkwe habishaniwi. Akaiosha kwa maji ya moto. Akaiosha tena kwa chumvi na ndimu, namna pweza anavyooshwa. Akaikamua, akainusa, akaridhika kidogo. Kisha nikasikia kitunguu kinalia kwenye mafuta. Kikafuata kitunguu saumu, yakafuata manjano aliyokuja nayo kwenye begi kutoka Tanga, na mwisho kopo zima la tui. Harufu ilikuwa nzuri, sitasema uongo. Tatizo ni kwamba maelekezo yalisisitiza kabichi iwe kavu kabisa, na yangu sasa ilikuwa inaogelea.

"Wanakula watu wangapi?" akauliza.

"Watatu, mama. Sisi na mwanao akirudi."

"Na mgeni akija?"

"Saa nne usiku, mama? Na baridi hii?"

Ilikuwa Februari, nje nyuzi 20 za Selsiasi chini ya sifuri. Mama hakunijibu. Alitikisa kichwa, kutikisa kule kwa mtu anayejiuliza alimwozesha binti yake kwa nani. Nikapanga tabaka zangu kwa kufuata karatasi, nikawasha oveni, nikaenda chumbani kuswali Isha.

Nilipotoka sikulitambua bakuli. Nusu ya vitu niliyoiacha kwenye meza, mkate, nyama, kabichi na jibini, yote ilikuwa imepandishwa juu, imeshindiliwa kwa mgongo wa mwiko, na bado ilikuwa imevimba juu ya ukingo. "Chakula cha watu watatu," akasema mama akifuta mikono, "anapikiwa mgonjwa." Nikalibeba kwa tahadhari, nikalisukumia ndani ya oveni.

Robo saa ya kwanza ilikuwa raha tupu. Ya pili ikaanza na sauti: *chwii*. Tui limeanza kushuka. Likafuatiwa na jibini, nayo ikamvuta siagi, wote wakateremka pamoja mpaka kwenye waya wa chini wa oveni, ule unaokuwa mwekundu. Nilipofungua mlango, moshi ulitoka kama ulikuwa na miadi. Nikazima oveni, nikatoa bakuli, nikafungua dirisha, upepo ukaingia ukausambaza moshi hadi sebuleni, na king'ora cha dari kikaanza.

Kama hujawahi kuishi na kidude hiki, ni kitu kidogo cheupe chenye sauti kubwa kuliko umbo lake. Mimi nikapanda kiti napunga taulo. Mama naye akapunga khanga kutoka chini, huku anakisomea Ayatul Kursi. Hakikusilimu. Taulo ikanitoka mikononi ikaangukia kabati la vyombo. Nilipoinama kuiokota, mama hakuwepo tena jikoni.

Baadaye alinieleza mantiki yake, na hadi leo sioni nitaikosoa vipi. Kwao Ngamiani, Tanga, kitu cha umeme kikileta vurugu, unakwenda ukutani unavuta mkono wa meni swichi, kila kitu kinanyamaza. Alitoka ukumbini, akaona ukutani kisanduku chekundu, chenye mkono, na mshale unaoelekea chini. Akauvuta.

Jengo lina ghorofa nne. Ving'ora vikalia vyote, taa nyeupe zikaanza kumeta kila ukumbi, milango ikafunguka, na watu wakamiminika kwenye ngazi: wengine na pajama, mmoja na taulo kichwani, mwingine amebeba paka aliyechukizwa sana. Nikamtafuta mama kwa hofu. Nikamwona anatoka mlangoni kwetu taratibu, amevaa koti la mwanawe juu ya dera, mabuti yangu miguuni, na bakuli la moto amelikumbatia kwa khanga mbili.

"Mama, liache hilo!"

"Nyumba ikiungua, na chakula kiungue?"

Tukashuka.

Maegesho ya magari yalijaa. Wenye magari wakawasha injini, wasio nayo wakajibanza. Bibi mmoja wa ghorofa ya kwanza, mwenye nywele nyeupe kama theluji yenyewe, akatushika mikono akatuingiza kwenye gari lake. Akamtazama mama, akatazama khanga, uso ukachanua.

"Kamwene!" akasema.

Mama akashtuka. "Huyu naye ananiita nani?"

Walutheri wa Saint Paul wana urafiki wa siku nyingi na Dayosisi ya Iringa, wenyewe wanauita Bega kwa Bega, na bibi huyu alishakwenda huko na kanisa lake. Alijua Kamwene, ndiyo salamu ya Wahehe wa huko, alijua Kiswahili cha kutosha, na alikuwa na hakika kwamba Mtanzania yeyote aliyekutana naye lazima atoke Iringa. "Mwambie mimi si Mhehe, natoka Tanga," mama akasema, lakini alikuwa anacheka. Kisha bibi akalisikia bakuli, maana gari zima sasa lilikuwa linanukia. "Ni hotidishi?" akauliza kwa heshima, kama anayeulizia jina la mtoto mchanga.

Ndani ya dakika chache bakuli lilikuwa juu ya boneti. Mtu akatoa kwenye buti la gari sahani za karatasi na vijiko vya plastiki vilivyobaki kwenye pikiniki ya kiangazi. Watu wakapanga foleni kwenye theluji. Wakala kabichi ya tui kwa mkate wa rai huku ving'ora vinalia nyuma yao, wakasifia, wakauliza ule umanjano ni nini, na kila mmoja akawa anachukua kidogo kidogo, maana watu wa Minnesota wana haya ya kumaliza chakula. Kilipobaki kipande cha mwisho, mmoja akakikata nusu. Mwingine akaikata ile nusu. Mimi nilikuwa bado nimeshika taulo, nikisubiri wageni watosheke.

Magari ya zimamoto yalifika. Wakaingia, wakapekua, wakatoka. Kapteni wao, mtu wa miraba minne, akatufuata garini akiwa na daftari. Alitaka kujua ni nani aliyevuta ule mkono.

Nikamfasiria mama. Mama akajinyoosha kitini.

"Mwambie ni mimi. Na mwambie chombo chao kibovu. Nimekivuta kizime kelele, kimeziongeza. Wakikitengeneza, waandike vizuri kinafanya nini, kuna watu wazima humu."

Nikamgeukia kapteni. "Anaomba radhi sana," nikasema kwa Kiingereza.

Kapteni akanikazia macho. Kwenye kiti cha dereva bibi wa ghorofa ya kwanza alikuwa ameufunika mdomo kwa glovu, mabega yanatikisika. Akashusha kioo, akamtafsiria kapteni neno kwa neno, hata la watu wazima hakulisahau. Nilitamani king'ora kiongezeke sauti.

Kapteni aliandika kitu, sijui nini. Kisha akaliona bakuli, na kile kipande ambacho kwa wakati huo kilikuwa kimekatwa mpaka kimebaki ukubwa wa kiberiti. Akauliza kama kina mwenyewe. Watu wote wakatazama pembeni. Akakila, akapangusa kona kwa kidole, akatikisa kichwa kwa mama, akaenda zake.

Hapo ndipo gari la mke wangu likaingia. Akashuka mbio na sare yake ya kazi, akayaona magari ya zimamoto, akaniona mimi na taulo, akamwona mama yake amekaa mbele kwenye gari la watu, anafundishwa kusema asante kwa Kihehe. Alipohakikisha kwamba hakuna aliyeungua, akavuta pumzi, akanusa.

"Mmepika nini? Mmenibakishia?"

Mama akainamisha bakuli tupu ili alione vizuri.

"Muulize mumeo. Alitaka kupika cha watu watatu."